Kamba Ina Masikio, Haina Akili

Jumatatu, tarehe 9, mwezi wa sita

Daftari hili nilipewa na binti yangu siku alipohamia ng'ambo ya bonde kwa mumewe. Alisema, mama, mwaka huu daraja likishushwa hatutaonana siku nane nzima, basi andika kila kitu, ukija utanisomea. Mimi niliishia darasa la pili, na darasa lenyewe lilikuwa linavuja. Lakini mtoto akiomba utafanyaje? Haya. Naandika.

Jana daraja la zamani lilishushwa. Hushushwa kila baada ya miaka tisa. Kamba huzeeka kama watu, ila kamba hukubali. Kamba mpya, na mbao zake zimeshafungwa, imelazwa chini bondeni katikati ya mto, ncha moja kwenye nguzo yetu, ncha ya pili kwenye nguzo ya ng'ambo. Mto wenyewe hauvukiki, hata samaki wanauogopa. Njia ya kuzunguka ni siku kumi na mbili.

Basi kamba inaimbiwa. Beti nane, siku nane, ubeti mmoja kila asubuhi, kila ubeti na mvukaji wake. Huku anasimama mwita, kule anasimama mwitikiaji. Huyu akiita na yule akiitika, kamba inasikia, inapanda yenyewe kimo cha mtu mmoja. Siku ya nane inakaza. Na wa kwanza kuvuka ni mwita!

Hapo ndipo akili yangu ilipofanya kazi. Zamu ya kuita ilikuwa ya mwoka mikate. Mimi ni dobi. Nikamwambia nitamfulia aproni zake zote na kuzipiga pasi mpaka mwaka uishe, anipe zamu. Akakubali kabla sijamaliza sentensi. Aproni zile, ukizitia maji, unapata uji.

Sababu ninayo. Binti yangu ana mimba ya kwanza. Mkunga kasema bado wiki mbili. Na mimi nilimwahidi kwa kinywa changu kwamba siku ikifika, mgongo wake utakuwa mikononi mwangu. Pia nataka niwe bibi wa kwanza kumshika mjukuu. Hili la pili sijamwambia mtu.

Asubuhi nafika kwenye nguzo, nimejifunga kanga safi, natazama ng'ambo. Nani kasimama pale kama mwitikiaji? Mama mkwe wa binti yangu! Naye kabadilishana zamu na jirani yake! Mwanamke huyu mimi namwita Tarumbeta. Akisema "karibu" sebuleni kwake, mgeni wa nyumba ya tatu anavua viatu.

Nikaita:

Amka kamba amka,
mguu waja wavuka.

Naye akaitika mpaka mawe yakasogea:

Na uje twausubiri,
huku kwetu kuna heri.

Kamba ikajinyanyua majini kama paka aliyesikia mfuniko wa sufuria. Watu wakashangilia. Msimamizi wa daraja akapuliza filimbi, akaandika kwenye karatasi yake, akanionya nisiongeze neno wala nisipunguze. Akasema kamba ina masikio, haina akili, inafanya inachosikia. Nikamwambia nimelea watoto watatu na mume, viumbe vya namna hiyo navijua.

Jumanne, tarehe 10

Ubeti wa pili, wa mzigo. Umekwenda vizuri. Msiba umekuja baadaye.

Bonde letu lina upana wa kupitisha matusi, siri haipiti. Ukitaka kumwambia mtu jambo la ndani lazima mji mzima ulijue. Kwa hiyo mimi na binti yangu tulipatana alama. Dirisha la chumba chake linatazama huku. Kila asubuhi atundike kitambaa. Cheupe, hajambo. Chekundu, uchungu umeanza.

Saa nne niko kibandani napiga pasi shati la Msimamizi. Nainua macho. Kitu chekundu dirishani! Tena kikubwa! Nikaacha pasi, nikakimbia mpaka ukingoni kiatu kimoja, nikapiga yowe kwamba nakuja, jikaze mwanangu, usisukume kabla sijafika. Watu wakatoka madukani. Kinyozi akatoka na mteja aliyenyolewa nusu.

Tarumbeta akachungulia dirishani. Akauliza kwa sauti yake ile, je, kufua blanketi siku hizi ni kosa? Blanketi lake jekundu. La baridi. Kalifua, kalianika penye jua. Binti yangu mwenyewe alikuwa jikoni anakula.

Nilirudi kibandani kichwa chini. Pasi ilikuwa imekaa juu ya shati muda wote huo. Sasa Msimamizi ana alama ya pasi mgongoni, nzuri, imekolea, hata tundu la moshi linaonekana.

Jumatano, tarehe 11

Nimewaza sana. Mkunga kasema wiki mbili, lakini mkunga huyo huyo hajui umri wake mwenyewe. Je, akikosea? Nikamwambia Msimamizi tuimbe beti mbili kwa siku. Akakataa. Nikamwambia tena. Akanigeuzia mgongo nione shati.

Nikamlalamikia Baba Watoto. Yeye ni fundi viatu, huongea na misumari mdomoni. Akaniambia haraka haraka haina baraka. Nikamwambia aliyeyasema hayo hakuwa na binti ng'ambo.

Basi nikafanya mpango. Asubuhi niliita ubeti wa tatu kama kawaida, ule wa mnyama. Mchana, watu wakiwa wanakula, nikarudi kwenye nguzo peke yangu na ndoo. Tarumbeta hulala baada ya chakula, mkoromo wake unavuka bonde bila daraja. Nikasema, mwitikio ni mistari miwili tu, ile ile kila siku, nani atajua? Nikaita ubeti wa nne, wa mgonjwa, kwa sauti yangu. Kisha nikaingiza kichwa ndani ya ndoo nikaitika kwa sauti nzito: huku kwetu kuna heri!

Kamba ikatulia kidogo. Nikadhani inafikiri. Kumbe haifikiri!

"Huku kwetu" imetoka upande wangu. Basi kamba ikaja huku kwetu. Ncha ya ng'ambo ikajifungua kwenye nguzo yao, ikashuka mtoni, ikapanda genge kama nyoka aliyechelewa kazini, ikapita mbele ya miguu yangu, ikaingia uani kwangu, ikajifunga kwenye mti wa kuanikia nguo. Shuka kumi na mbili za nyumba ya wageni zote matopeni. Sasa mji una daraja linalotoka kwetu kuja kwetu.

Msimamizi alipuliza filimbi mpaka akakohoa. Kisha akatamka hukumu. Ncha irudishwe, na beti zianze upya. Moja mpaka nane. Kutoka kesho.

Nilihesabu kwa vidole. Nikahesabu tena kuanzia mkono mwingine. Nimejitia kitanzi, tena cha kamba ya umma.

Baba Watoto alitema misumari, akafunga duka, akaubeba ule mwisho wa kamba begani. Yeye na wapagazi wanne wakashuka nao mpaka mtoni, na goti lake lile bovu. Waliurusha mara kumi na moja kabla wanaume wa ng'ambo hawajaunasa kwa ndoano. Alirudi jua likizama, amelowa mpaka kofia. Nilipokuwa namkanda goti nikamuuliza mbona hanigombezi. Akasema hata yeye amekuwa akihesabu siku.

Alhamisi, tarehe 12

Ubeti wa kwanza. Tena. Watu walikuja wengi kuliko Jumatatu, wengine na viti.

Tarumbeta aliitika vizuri, sina la kumsema. Ila alipomaliza akaongeza kwamba leo ameamua kuitika mwenyewe, nisijisumbue na ndoo. Ng'ambo nzima wakacheka. Huku nako wakacheka. Baba Watoto alijifanya anakohoa.

Kisha binti yangu akatoka. Alitembea polepole mpaka karibu na ukingo, mkono mmoja kiunoni, tumbo limetangulia. Limeshuka. Mimi nimezaa watatu, tumbo lililoshuka nalijua hata ng'ambo ya bonde. Mkunga na wiki zake mbili!

Aliniita. Mwenye tumbo ni yeye, na bado aliniuliza mimi, "Mama, umekula?"

Nikamwambia nimekula, tena nimeshiba. Sikuwa nimekula tangu jana. Tarumbeta akadakia kwamba namdanganya mtoto, sauti yangu ina njaa, hata kamba inasikia. Nilitamani kumjibu, lakini binti yangu alikuwa anacheka huku ameshika kiuno, na nilikuwa sijamwona akicheka siku nne. Nikaacha. Nikaenda nyumbani nikala, ili uongo wangu usiwe mrefu.

Ijumaa, tarehe 13

Ubeti wa pili, wa mzigo. Kamba imefika kimo cha watu wawili. Bado sita.

Shuka za nyumba ya wageni nimezifua upya zote. Mikono imechubuka.

Kitu chekundu kipo dirishani tena. Ha! Mara hii hanipati. Kinyozi alikuja mbio kuniambia. Nikamwambia tulia, kanyoe, lile ni blanketi la Tarumbeta, leo kuna jua. Nimeendelea kupiga pasi kwa utulivu mkubwa. Mtu hujifunza.

Tarumbeta sasa yuko dirishani anapunga mikono na kupiga kelele. Anataka blanketi lake lisifiwe. Simtazami.

Bado anapiga kelele.

Ngoja nikamsikilize, ili anyamaze.

Jumamosi, tarehe 14

Naandika leo ya jana.

Halikuwa blanketi. Ilikuwa kanga nyekundu ya binti yangu, aliyokuwa ameitundika mwenyewe kwa mkono wake tangu saa tatu. Mimi napiga pasi! Mama mzima!

Nilifika ukingoni sijui kwa miguu ya nani. Mbele yangu bonde, chini yake mto, na kamba inaning'inia kimo cha watu wawili. Nikakaa chini. Nilishindwa hata kulia. Ahadi niliyoitoa ilikuwa moja tu.

Tarumbeta akaniita kwa jina la binti yangu, mama fulani, inuka. Akasema kitanda wamekisogeza mpaka chini ya dirisha. Mkunga yuko miguuni. Yeye atasimama hapo, kichwa nje, mikono ndani. Akasema, "Wewe niambie, mimi nitafanya."

Nikainuka.

Nikamwambia amkande mgongo. Akauliza wapi. Nikasema chini, kiunoni, kwa kisigino cha kiganja, asiende juu. Akauliza hapa? Nikasema mimi nitaonaje, muulize mwenyewe! Akaingiza kichwa, akakitoa. "Anasema hapo hapo!"

Nikasema avute pumzi. Akasema anavuta. Nikasema atoe polepole kama anapoza chai. Akasema anatoa. Nikasema mwambie nipo. Akasema anajua upo, mtaa mzima unajua upo.

Ikawa hivyo saa baada ya saa. Mimi naita, yeye anaitika. Maji vuguvugu! Yameletwa! Mpanguse shingo! Anapanguswa! Jua likapita utosini. Watu walikuwa wamejaa nyuma yangu lakini sikusikia hata mtu akipiga chafya. Baba Watoto alinishika kanga kwa nyuma nisije nikajisahau nikapiga hatua.

Kuna wakati Tarumbeta aliingiza kichwa akakaa sana. Alipokitoa, sauti yake ilikuwa ndogo. Sikujua kama anayo sauti ndogo. Akasema, anaogopa.

Nikamwambia, mwambie hata mimi. Tarumbeta akamwambia. Kisha nikasema, mwambie siku aliyozaliwa yeye niliogopa zaidi ya leo, na mwambie aangalie nilichopata. Tarumbeta akaingia. Alipotoka alikuwa anafuta macho kwa lile blanketi lake jekundu.

Halafu mkunga akasema sasa. Mimi nikaita sukuma! Tarumbeta akaitika anasukuma! Pumua! Anapumua! Sukuma! Anasukuma! Nyuma yangu filimbi ya Msimamizi inalia kama imeumwa, anapaza sauti kwamba tunyamaze, tunyamaze jamani, inasikia! Nani ana nafasi ya kumsikiliza? Macho yangu yalikuwa dirishani. Sukuma! Anasukuma!

Kisha kikalia. Kidogo, chembamba, kikali. Kilio kile kilivuka bonde zima.

"Wa kike!" akapiga kelele Tarumbeta, na sauti yake kubwa ilikuwa imerudi yote.

Ndipo nilipoitazama kamba. Ilikuwa imepanda mpaka juu, imekaza, na mbao zote ziko mahali pake. Mwita wa kweli huku, mwitikiaji wa kweli kule, kutwa nzima. Kamba ilitosheka.

Ila ilikuwa inapumua. Daraja zima! Linavimba, linashuka. Linavimba, linashuka. Kila mara linajikaza katikati kama mtu anayesukuma, kisha linatulia. Msimamizi alikaa juu ya nguzo akiwa ameshika kichwa. Alisema kamba ikishakaza haibadiliki tabia, ingawa masikio hubaki wazi, itapumua hivyo miaka tisa. Nikamwambia pole. Nilikuwa nimeshafika ubao wa tano.

Nilivuka kwa magoti na viganja. Ni kama kutambaa juu ya tumbo la mtu aliyelala. Baba Watoto nyuma yangu anasema aisee, aisee, aisee, mpaka ng'ambo.

Tarumbeta alikuwa mlangoni na kifurushi kifuani. Mimi moyoni nikasema haya, kashanitangulia, basi, si kitu. Kisha nikaona amefumba macho. Ameyakaza kabisa. Na kwenye paji la uso ana nundu, ukubwa wa limau.

Akasema mkunga alimtupia mtoto mikononi, angefanya nini, amuangushe? Lakini hajamtazama. Tangu alipompokea amefumba macho, ndiyo maana kagonga fremu ya mlango. Akasema umemleta nusu na mimi nimemleta nusu, tumtazame pamoja.

Tukahesabu moja, mbili, tatu.

Ana pua yangu. Tarumbeta anasema ni yake. Sikubishana, kwa heshima ya ile nundu.

Nikaingia ndani kwa mwanangu. Alikuwa amelala ubavu, nywele zimemganda usoni. Nikaweka mikono yangu miwili mgongoni pake, nikamwambia nimechelewa. Akasema, bila kufumbua macho, mbona ulikuwepo tangu asubuhi. Kisha akaniuliza kama nimeandika. Nikasema nimeandika. Akalala hapo hapo, mikono yangu ikiwa chini ya kiuno chake, na mimi sikuitoa mpaka ikafa ganzi.

Jumatano, tarehe 18

Bado niko ng'ambo. Baba Watoto alirudi dukani Jumapili. Nguo za watu zinaningoja. Zingoje.

Daraja bado linapumua. Mbuzi wanakataa kulikanyaga, inabidi wabebwe. Mwoka mikate anasema mikate yake inafika huku imevimba zaidi na wateja wamependa. Kinyozi hathubutu kumnyoa mtu karibu nalo.

Jana Msimamizi alikuja na karatasi. Mimi na Tarumbeta tuliandikishwa kiapo kwamba hatutapaza sauti, hatutaita, hatutaitika, wala hatutasalimiana kwa nguvu ndani ya hatua mia moja kutoka kwenye kamba. Nilitia saini kwa herufi zangu mwenyewe, zimenyooka vizuri. Tarumbeta alinong'ona kwamba amekubali. Ndege waliruka.

Leo asubuhi nimemsomea binti yangu daftari lote, tangu aproni mpaka ndoo. Alicheka mpaka akaniomba niache, tumbo linauma. Aliposikia habari ya Ijumaa asubuhi akanishika mkono, akasema, lakini mama, sasa umejifunza. Nikamwambia nimejifunza, kabisa, tena nimeapa mbele ya serikali.

Tatizo ni moja tu. Mjukuu halali. Ndani ya nyumba halali hata kidogo, analia mpaka anakuwa mwekundu. Binti yangu macho yamemwingia ndani. Lakini Jumatatu nilimpitisha darajani kidogo apunge upepo, na kabla ya ubao wa tatu alikuwa amelala fofofo. Linavimba, linashuka. Jana tukamjaribu tena. Fofofo!

Ila kutoka mlangoni hadi darajani ni hatua arobaini, na jua hili, na mama mzazi bado mnyonge. Mimi na Tarumbeta tumelizungumza leo kwenye karai la nepi. Nyumba haihamishiki. Hilo tumekubaliana.

Kwa hiyo tumetunga mstari. Mmoja tu, si ubeti. Msimamizi hunywa chai saa mbili asubuhi na mgongo wake huelekea kwetu. Tumeujaribu hapa jikoni kwa sauti ya chini, mimi nikaita, yeye akaitika, na umetoka vizuri mno, vikombe tu ndivyo vilivyotingishika. Una maneno mawili: sogea kidogo.

Maneno mawili! Kamba itakosea nini hapo?